Mlango Ulioimba: Muziki wa Filamu Hutoka Wapi?

Ukitazama filamu na moyo ukaanza kukwenda mbio kabla jambo lolote halijatokea, jua kwamba sikio limelitangulia jicho. Kuna muziki chini yake, hauna wimbo wa kushika wala mdundo wa kuchezea. Kazi yake ni kutia hali: hofu, upweke, hata joto la mchana.

Bingwa mmoja wa kazi hii ni Hildur Guðnadóttir wa Aisilandi, mpigaji selo, ile fidla kubwa ya kuwekwa kati ya magoti ambayo wapenzi wa taarabu ya Unguja wanaijua. Alitunga muziki wa tamthilia ya Chernobyl ya mwaka 2019, kuhusu ajali ya mtambo wa nyuklia iliyotokea Ukraine mwaka 1986. Mtihani ulikuwa huu: mionzi haionekani wala hainuki, utaisikizishaje?

Selo akaiweka kando. Alikwenda Lithuania, kwenye mtambo wa Ignalina, wa aina ileile, uliozimwa mwaka 2009 na ambako tamthilia yenyewe ilipigwa picha. Yeye na Chris Watson, Mwingereza aliyebobea kunasa sauti, walivaa mavazi ya kujikinga wakarekodi vyumba vya pampu, mwangwi wa kumbi tupu, na mlango mmoja uliokuwa ukilia kama unaimba. Muziki ukajengwa kwa sauti hizo na sauti ya koo lake mwenyewe. Akapata tuzo ya Emmy.

Kwa filamu ya Joker alianza kutunga kwa kuisoma hadithi tu, kabla kamera haijawashwa. Mwongozaji Todd Phillips akawa anaufungulia muziki huo pale pale pa kuigizia. Ile ngoma ya taratibu ya Joaquin Phoenix chooni haikuwa kwenye maandishi. Muziki ndio uliomtoa. Februari 2020 mama huyu akachukua Oscar.

Huku kwetu muziki hufikiriwa mwisho, pesa zikiwa zimeisha. Kijana anapiga filamu ya mvuvi aliyepotea baharini, kisha anashusha kinanda cha bure mtandaoni, kile kile kilicholia kwenye tangazo la sabuni. Mtazamaji wa Lamu hatakwambia kasoro iko wapi, lakini ataihisi.

Na sauti tunazo: nyundo ya fundi anayekalafati jahazi, mkwaruzo wa mbuzi ya nazi, kusi ikipiga minazi, bawaba za milango ya Mji wa Kale. Simu ya kawaida yatosha kuanzia, mradi mtunzi aitwe mapema, alipwe, na apewe siku za kuzunguka akisikiliza. (Adhana, kwa maoni yangu, isikatwekatwe kufanywa kionjo. Ikisikika, isikike ilivyo.)

Baadhi ya milango hiyo imeshang'olewa.