Je, Wajua? Dizeli ya gari lako huishia wapi

Kabla ya kipimo kipya cha mwaka 2017, ulaji wa mafuta ulioandikwa kwenye vitabu vya magari ya Ulaya ulipimwa maabarani, kiyoyozi kimezimwa. Nani anazima kiyoyozi Chumbageni, Tanga, kwenye joto la Februari? Pima mwenyewe: jaza tangi mpaka pampu ikate, andika kilomita, nenda Segera urudi, jaza tena kwenye pampu ile ile, kisha gawanya kilomita ulizokwenda kwa lita ulizojaza. Barabarani mlaji mkubwa ni mwendo. Ukitoka kilomita 80 kwa saa hadi 100, ukinzani wa hewa unapanda kwa asilimia 56! Keria tupu juu ya paa huuzidisha. Upepo wa tairi nao hugusa ulaji wa mafuta: upime asubuhi, kabla halijapata moto.