Nazi, Korosho na Kiuno: Mgeni Anapofundishwa Kupika na Kucheza Pwani ya Lindi

Mafunzo ya upishi na ngoma kwa wageni ni kazi ya utalii ambayo msafiri hulipia nusu siku au siku nzima ya kushughulika mwenyewe. Asubuhi anakwenda sokoni na mpishi, mchana anakuna nazi na kuchochea moto, jioni anafundishwa kucheza na watu wa mahali alipofikia. Chakula alichokipika ndicho atakachokula, kiwe kimeungua au kimeiva. Cheti hakuna, na mara nyingi hata darasa hakuna: kuna ua, mafiga, vyungu na mama anayeijua kazi yake.

Mexico ni miongoni mwa nchi zilizoikuza kazi hii mapema. Mjini Oaxaca wageni huanzia sokoni, wakachagua pilipili kavu za rangi na ukali tofauti, kisha hurudi jikoni kusaga viungo kwenye jiwe liitwalo metate na kukanda unga wa mahindi kwa ajili ya tortilla. Mwaka 2010 UNESCO iliuingiza upishi wa jadi wa nchi hiyo katika orodha ya urithi wa utamaduni usioshikika, kwa mfano wa jimbo la Michoacán. Kwa upande wa ngoma, Amalia Hernández alianzisha kundi la Ballet Folklórico de México mwaka 1952 na kuzipandisha ngoma za vijijini kwenye majukwaa makubwa.

Afrika Mashariki kazi hii imeshamiri zaidi Unguja. Matembezi ya mashamba ya viungo ya Kizimbani na Kidichi mara nyingi humalizikia jikoni, na katika vijiji kama Jambiani mgeni anaweza kupikiwa, au kupika, nyumbani kwa mwenyeji. Tanzania Bara, katikati ya miaka ya 1990, Bodi ya Utalii ikisaidiwa na shirika la Kiholanzi la SNV ilianzisha mpango wa utalii wa kitamaduni. Mto wa Mbu ni moja ya sehemu zilizojulikana kwa mpango huo, na milo ya akina mama wa pale ni kivutio hadi leo. Ngoma nazo zina chuo chake Bagamoyo, kilichofunguliwa mwaka 1981 na sasa kikijulikana kama TaSUBa, ambako wageni wengi wamepita kujifunza kupiga na kucheza.

Kusini mambo hayajafika huko, ingawa malighafi yote ipo. Mfano ni Kitomanga, iliyo katika Mkoa wa Lindi, kwenye barabara kuu inayoteremka kutoka Nangurukuru kwenda mjini Lindi. Wageni wanaopita njia hiyo wengi wao wametoka Kilwa kutazama magofu ya Kilwa Kisiwani na Songo Mnara, yaliyoingizwa katika Urithi wa Dunia mwaka 1981, yakawekwa kwenye orodha ya urithi ulio hatarini mwaka 2004 na kutolewa humo mwaka 2014. Wanatazama msikiti mkuu, wanapiga picha, wanaondoka. Watu wa pwani hiyo walikula nini na walicheza nini, magofu hayasemi. Jiko la kijijini husema mengi zaidi.

Dokezo moja la chakula cha pwani ya zamani liko kwa msafiri Ibn Battuta, aliyefika Kilwa mwaka 1331. Njiani alipitia Mogadishu, na huko alieleza karamu ya wali uliopikwa kwa samli, ukiwa na vitoweo vya kuku, nyama, samaki na mboga juu yake, pamoja na ndizi mbichi zilizopikwa kwa maziwa na ndimu za kuchachuliwa. Katika karne ile pwani nzima haikuwa na mahindi, muhogo, nyanya, karanga wala korosho. Vyote hivyo ni mazao ya bara la Amerika yaliyofika baada ya Wareno, ambao waliiteka Kilwa mwaka 1505. Kwa hiyo Mmexico akiingia jikoni Kitomanga atakuta nusu ya vitu ni vya kwao: mahindi kwenye kinu, nyanya kwenye ungo, pilipili juani.

Kilichobaki ng'ambo ni mkono. Wenyeji wa Mexico huchemsha mahindi kwa maji ya chokaa, wakayalaza usiku kucha, wakayaosha maganda, ndipo wakayasaga. Chokaa hiyo huifungua vitamini B3 iliyofungamana ndani ya punje, ambayo bila hivyo mwili hauipati. Mbegu za mahindi zilivuka bahari bila maarifa hayo, na katika nchi nyingi watu waliotegemea mahindi matupu waliugua pelagra, ugonjwa unaochubua ngozi na kuvuruga tumbo na akili. Samaki, kunde na karanga huwakinga watu dhidi ya upungufu huo. Hata hivyo kisa hicho kinaonyesha kwa nini kupewa unga na kufundishwa kuushika ni mambo mawili, na ndiyo sababu somo la kupika haliwezi kuishia kwenye karatasi ya mapishi.

Kwenye nazi ndipo mgeni anapoligundua hilo kwanza. Mwenyeji huigonga nazi kwa kisu kizito mara mbili tatu, ikapasuka katikati; mgeni huigonga mara kumi ikampasukia vipande. Kisha anaketishwa kwenye mbuzi, lile bao la kukunia lenye ulimi wa chuma wenye meno, na kuonyeshwa jinsi ya kuzungusha kifuu taratibu kwa viganja viwili. Akikandamiza mno anakwangua mpaka ganda la kahawia, na tui linakuwa jeusi jeusi. Mama anayefundisha hasemi kitu. Anaondoa vipande vyeusi kwa ncha ya kidole na kumrudishia. Nazi iliyokunwa hutiwa maji ya uvuguvugu na kukamuliwa kwenye kifumbu kilichosukwa kwa ukindu. Tui la kwanza ni zito, nalo huwekwa kando. La pili na la tatu ni jepesi, ndilo la kuanzia kupikia.

Mpangilio huo ndio unaobeba karibu upishi wote wa pwani. Wali huiva kwanza kwa tui jepesi na chumvi, na tui zito hutiwa maji yanapokaribia kukauka. Kisha chungu hufunikwa, moto wa chini hupunguzwa na makaa hupaliwa juu ya kifuniko ili wali uive pande zote. Kwenye mchuzi wa samaki au pweza tui zito huja mwisho kabisa, na mwiko hauachwi mpaka lichemke, la sivyo tui hukatika na mchuzi ukabaki maji na mafuta. Vipimo havitajwi kwa gramu. Maji ya mchele hupimwa kwa pingili ya kidole, chumvi kwa ncha za vidole, na mgeni anayeuliza ni dakika ngapi huambiwa anuse. Mwenye daftari hulifunga mapema.

Kuna vyakula ambavyo Unguja haina au haina kwa wingi, na hapo Lindi inaweza kujidai. Ming'oko ni mizizi ya porini inayochimbwa na kuchemshwa, ikaliwa kwa chumvi na pilipili. Korosho ndiyo kubwa kuliko zote. Mgeni aliyezoea kuinunua kwenye pakiti hashuku kwamba ganda lake lina mafuta makali yanayobabua ngozi. Korosho huchomwa uani, kwenye bati au karai kuukuu, mpaka mafuta hayo yashike moto yenyewe na kutoa moshi mzito mweusi, na kila mtu husimama upande unakotoka upepo. Zikishaungua vya kutosha humwagwa mchangani, zikafunikwa mchanga ili moto uzimike na mafuta yafyonzwe. Kisha huanza kazi ya kupasua kwa jiwe, moja moja, bila kuvunja punje. Baada ya nusu saa mgeni ana vidole vyeusi na kibakuli kisichojaa, na bei ya korosho haimshangazi tena.

Ngoma huja jua likipoa. Somo zuri haliigawi ngoma na jiko kana kwamba ni maduka mawili, kwa kuwa wanaopika na wanaocheza ni watu wale wale. Kazi ya kwanza ni kuzipasha ngoma zenyewe: nyasi kavu au makuti huwashwa, ngozi ikaelekezwa kwenye joto hadi ikaze na sauti ipande. Mpigaji huijaribu kwa vidole, akairudisha motoni, akaijaribu tena. Wageni wengi huvutiwa na hatua hii kuliko walivyotarajia.

Ngoma inayojulikana zaidi kusini ni sindimba ya Wamakonde, inayochezwa Mtwara na Lindi. Ngoma kadhaa hulia kwa pamoja, kila moja na mwendo wake, huku moja ikiongoza na kuamuru mabadiliko. Magoti hukunjwa kidogo, nyayo hukanyaga mchanga kwa hatua fupi, mabega hutulia, na kazi yote huachiwa kiuno. Mwanafunzi hufungwa kanga kiunoni, na kanga hiyo ndiyo mwalimu wake halisi, kwani isipotikisika kila mtu anaona. Mexico ni kinyume. Katika muziki wa Veracruz uitwao son jarocho, ambao una damu ya Kihispania, ya wenyeji na ya Waafrika waliopelekwa utumwani, mchezaji hupanda juu ya bao la mbao na kulipiga kwa visigino, naye akawa mmoja wa wapigaji. Aliyezoea huko hufika Lindi na miguu hodari na kiuno kigumu.

Kucheza ngoma za nyumbani kulikuwa suala la siasa hapo zamani. Desemba 1962, katika hotuba yake ya kwanza akiwa Rais wa Jamhuri, Julius Nyerere alilalamika kwamba wengi wamejifunza rumba na chachacha, ilhali ni wangapi waliopata hata kuzisikia ngoma kama gombe sugu au lelemama. Kundi la Taifa la ngoma likaundwa, na sindimba ikatoka uwanjani ikapanda jukwaani. Sindimba ya jukwaani ni fupi, ina mstari ulionyooka na watazamaji upande mmoja. Hiyo ndiyo mgeni anayofundishwa kwa kawaida, na si vibaya, mradi aambiwe kwamba ya kijijini huzunguka duara na huweza kuendelea mpaka alfajiri.

Si kila ngoma inafundishwa. Pwani hii ina shule ya zamani sana ya vitendo, nayo ni jando na unyago. Somo, au kungwi, humfundisha mwali kwa nyimbo, kwa kucheza na kwa kuonyesha, na mengi ya humo hayasemwi nje. Bi Kidude wa Unguja, aliyefariki mwaka 2013, alizipiga ngoma za unyago mbele ya umma duniani kote, lakini yeye mwenyewe alikuwa somo na alijua apige nini na aache nini. Mwongoza wageni wa kiume, mwenye umri wa miaka ishirini na simu ya kurekodia, hana mamlaka hayo. Kauli hapo ni ya wanawake wenyewe, na wakisema hapana, mgeni hupelekwa kwenye ngoma ya harusi au ya mavuno.

Majira nayo huamua mengi. Korosho mpya hupatikana kuanzia mwezi wa Oktoba, na mvua za masika hufanya uani kusipikike. Ngoma huwa nyingi baada ya mavuno na wakati wa likizo za shule. Mwezi wa Ramadhani ngoma hunyamaza na mchana hakuna anayekula hadharani, ingawa mgeni anayejiheshimu anaweza kusaidia kuandaa futari na kula pamoja na wenyeji. Mavazi ya kufunika mabega na magoti yanatosha, na shikamoo kwa wakubwa humfungulia mlango kuliko fedha.

Fedha zenyewe hugawanywa kabla ya moto kuwashwa. Siku moja ya mafunzo ina mpishi, mwenye ua, wasichana waliochota maji, wapigaji watatu au wanne na wachezaji. Katika mpango wa utalii wa kitamaduni sehemu ya malipo hutengwa kwa ajili ya kijiji, ikaenda shuleni au kwenye maji. Kiasi kinachobaki hulipwa mkononi kwa kila aliyefanya kazi, jioni hiyo hiyo, mbele ya wenzake.