Seli Nyekundu Zinapopasuka: Namna ya Kuyaelewa Majibu ya Maabara

Hemolisisi. Neno hili likionekana kwenye karatasi ya majibu huwatia watu hofu, kumbe mara nyingi hakuna la kuogopa. Linasema tu kwamba seli nyekundu za damu zimepasuka. Muulize daktari: zimepasukia mwilini mwangu au kwenye kichupa?

Kupasukia kwenye kichupa ni jambo la kila siku maabara. Sindano ikiwa nyembamba mno, sirinji ikivutwa kwa nguvu au kichupa kikitikiswa badala ya kupinduliwa taratibu, seli huvunjika hata kabla ya kipimo kuanza. Mtaalamu hubaini kwa macho. Damu ikishazungushwa kwenye mashine, majimaji yanayobaki juu hupaswa kuwa ya manjano hafifu. Yakiwa mekundu, sampuli imeharibika. Potasiamu iliyokuwa ndani ya seli nayo humwagika humo, na majibu yakaonyesha kiwango cha kutisha ambacho mgonjwa hana. Ndiyo maana unaitwa utolewe damu upya. Wengi hununa wakidhani wanasumbuliwa bure, lakini maabara inayokataa sampuli mbovu ndiyo ya kuaminiwa.

Mwilini mambo ni mengine. Seli nyekundu huishi takriban siku 120, kisha bandama na ini huziondoa. Madini ya chuma yaliyomo huhifadhiwa yatumike tena, na sehemu ya himoglobini hugeuzwa kuwa bilirubini, rangi ya manjano ambayo ini huitoa kupitia nyongo. Hayo yanaendelea ndani ya kila mtu mwenye afya. Ugonjwa huanza seli zinapokufa kwa kasi ambayo uboho hauwezi kuifidia. Kwa mwenye selimundu, kwa mfano, seli huishi siku 10 hadi 20 tu.

Bilirubini ikilizidi ini nguvu, macho huwa ya manjano. (Hili lisichanganywe na homa ya manjano, ugonjwa wa virusi unaoenezwa na mbu, ingawa nao huweza kuyageuza macho rangi.) Kwenye karatasi utaona bilirubini imepanda, hasa ile ambayo ini halijaichakata. LDH, kimeng'enya kinachomwagika seli zinapopasuka, nacho kitakuwa juu. Haptoglobini, protini inayoikamata himoglobini iliyozagaa kwenye damu, itakuwa imeshuka. Mimi ningetazama kwanza retikulosaiti, yaani seli changa. Zikiwa nyingi, uboho unahangaika kuziba pengo. Himoglobini ikiwa chini na seli changa nazo ni chache, yaelekea tatizo liko kwenye utengenezaji wa damu.

Tofauti hiyo ina uzito, maana huku kwetu kila anayeambiwa damu imepungua hukimbilia vidonge vya madini ya chuma. Seli zinapovunjwa kwenye bandama, chuma chake hakipotei, kinabaki mwilini. Aliyekwisha kuongezewa damu mara nyingi huweza kukusanya chuma hadi kikadhuru ini na moyo. Wagonjwa wa selimundu kwa kawaida hupewa foliki asidi, ambayo uboho wao huitumia kwa wingi. Kumeza chuma bila kipimo ni mazoea mabaya, hata kama aliyekushauri ni jirani mwenye nia njema.

Nani huzivunja seli hizi mwilini? Afrika Mashariki mshukiwa wa kwanza ni malaria, kwa kuwa vimelea hukua ndani ya seli na kuzipasua wanapotoka. Mkojo ukiwa mweusi kama Coca-Cola, usingoje kesho. Aliyetibiwa malaria kali kwa sindano za artesunate naye arudi kupimwa himoglobini katika wiki zinazofuata, kwani baadhi ya wagonjwa seli zao huvunjika baada ya siku saba au zaidi, wakati homa imekwisha na familia imeshatulia.

Wengine huzaliwa na upungufu wa G6PD, kimeng'enya kinachozilinda seli nyekundu. Watafiti wa Marekani waliutambua mwaka 1956 walipochunguza kwa nini primakwini, dawa ya malaria, iliwapunguzia damu baadhi ya watu na kuwaacha wengine. Mwenye upungufu huo huweza kuishi miaka bila kujua, mpaka siku anapomeza dawa isiyomfaa. Naftalini, vile vidonge vyeupe vya kufukuza wadudu kabatini, navyo ni hatari kwake. Nguo za mtoto mchanga zisihifadhiwe navyo kabisa.

Watoto wachanga wengi huwa na manjano kidogo siku chache baada ya kuzaliwa, na hupona. Yakijitokeza ndani ya saa 24 za kwanza ni dharura. Huenda damu ya mama na ya mtoto hazipatani, na bilirubini ikizidi sana hudhuru ubongo. Mzazi, usimwanike mtoto juani ukisubiri yaishe. Mpeleke hospitali siku hiyo hiyo apimwe, na ikihitajika awekwe kwenye mwanga maalumu wa tiba.