Kosmosi: ua la nyumba yenye maji kidogo

Mu mwezi wa 8, mu Kolwezi na mu Likasi, kila bidoni ya maji iko na kazi yake mbele hata ya kufika nyumbani: kupika bukari, kuogesha watoto, kufua nguo za baba anayerudi kwenye karieri. Mama gani atakubali kumwaga litri 20 chini ya maua? Njo maana parseli nyingi za wachimbaji zinabaki udongo mutupu, na upepo wa kipwa ukipita, vumbi inaingia mpaka mu sahani.

Kuko ua moja lenye kufaa nyumba za namna hii: kosmosi. Majani yake ni membamba sawa nyuzi, maua ni ya pinki, meupe ao mekundu, na inaweza kupanda mpaka metre moja na zaidi. Haiombi mbolea, na ikiisha kukomaa haiombi maji kila siku. Wengi wanaikosa kwa sababu wanaipanda wakati mubaya, kisha wanainywesha sawa vile lengalenga.

Kwao ni wapi?

Kosmosi ilitoka Meksiko, mu inchi ya juu. Kule mvua kubwa inanyesha kuanzia mwezi wa 6 mpaka wa 9, kisha kipwa. Mbegu inaota na mvua, mizizi inashuka chini, na siku zikianza kuwa fupi, maua yanafunguka wakati mvua inakatika.

Ndugu zetu waliofika Johannesburg waliiona pia. Kule, mu mwezi wa 3 na wa 4, inajaa kando ya barabara na hakuna mutu anayeinywesha. Wengi wanaeleza kwamba mbegu zilifika ndani ya majani ya farasi za jeshi la Waingereza, wakati wa vita ya 1899 mpaka 1902.

Fundisho ni moja: ua hili linakunywa mvua, linachanua mu kipwa. Kazi yetu ni kufuata saa yake.

Lubumbashi, Likasi, Kolwezi

Tuko juu ya metre 1 200, na mvua yetu inakuya mwezi wa 11 mpaka wa 3. Basi, panda mbegu mu mwezi wa 2. Fukia kidogo tu, chini ya sentimetre moja. Inaota ndani ya wiki moja ao mbili. Ngoa ingine, acha sentimetre 30 katikati ya shina na shina. Maua ya kwanza yatatokea mu mwezi wa 4 ao wa 5, wakati mvua imeisha kukupa maji ya bure.

Mvua ikikatika, ingiza kidole mu udongo. Kama chini kuko bichi, acha. Kama kumekauka, mimina maji asubui, pole pole, kwenye shina. Mara moja kwa wiki, lakini maji yashuke, inapita kunyunyiza kila siku juu juu. Maji uliyooshea muchele ao sombe yanafaa. Yenye javeli, hapana. Na maji ya mahali wanaoshea minerai usiyalete hata kidogo mu parseli.

Kamituga na Bukavu

Kule mvua inanyesha karibu mwaka muzima, kipwa ni kifupi. Shida haiko kiu, ni maji mengi. Inua udongo uwe sawa tuta, maji yapate njia, tenganisha mashina zaidi, na funga kila moja kwa fimbo. Ukiona majani mengi bila maua, usiongeze mbolea: udongo umenona kupita.

Manono

Manono iko chini na joto ni kali. Tafuta kosmosi ya rangi ya machungwa, nayo ya Meksiko, inavumilia joto vizuri. Funika udongo na majani makavu ili maji yasipotee. Kama jua la saa sita linalegeza majani na mangaribi yanasimama tena, haina shida. Yakibaki yamelala mpaka asubui, inywesheni.

Udongo masikini, udongo wenye sumu

Hapa tusikilizane vizuri. Kosmosi inavumilia udongo masikini, lakini udongo wenye shaba nyingi ni kitu kingine. Wazee wanajua ile milima ya Katanga yenye shaba kwa sababu miti haimei pale. Kama mu parseli yako hata majani ya kawaida yanakataa, leta udongo wa mahali pengine ndani ya mufuko na upande mule mule.

Kwa watoto, neno ni kubwa zaidi. Mu 2018, watafiti wa Lubumbashi na wa Leuven, Ubelgiji, walitoa matokeo ya uchunguzi mu kartie ya Kasulo, Kolwezi: watoto walikuwa na kobalti mu mukojo kupita wakubwa, na vumbi ni njia moja inayoiingiza mu mwili. Basi, mahali mifuko ya minerai ilikuwa inawekwa, ao karibu na barabara ya makamio, usipande lengalenga wala matembele. Panda kosmosi: hakuna mutu atakayeikula. Haitasafisha udongo, lakini mboga ya watoto itahamia mahali pazuri zaidi. Na ukiisha kulima, nawa mikono mbele ya kushika chakula.

Maua yakikauka, yanaacha mbegu nyeusi, ndefu, sawa sindano. Okota, anika kwenye kivuli, funga mu karatasi na uandike juu: mwezi wa 2. Shina moja linatosha kugawia jirani wawili ao watatu.