Kabla ya kutuma pesa za DAP, pima udongo

Kama unafanya kazi mjini na unabakisha pesa kidogo mwisho wa mwezi, lazima kuna mtu ashakuambia: kodisha ekari Njoro, Rongai ama Mau Narok, weka viazi au mahindi, kisha ungoje kuhesabu noti. Ndivyo tulivyogeuka wakulima wa simu. Kijana wa shamba anapiga, anasema mvua imekaribia, unamtumia pesa kwa M-Pesa, naye anapitia agroveti kuchukua magunia mawili ya DAP. Muulize kwa nini DAP na si mbolea nyingine. Atakuambia ndiyo watu hutumia huku.

Hilo jibu linakula pesa zako, msee.

Anza na nambari zilizoandikwa kwenye gunia. DAP ni 18-46-0. Maana yake, gunia la kilo 50 lina kilo 9 za naitrojeni, kilo 23 za fosforasi kwa kipimo wanachotumia watengenezaji, na potasiamu sufuri. Sasa wewe umepanda viazi Molo, na kiazi kinapenda potasiamu kama vile sisi tunavyopenda chipsi. Umemlisha mtoto ugali bila mboga miezi mitatu, halafu unashangaa mbona hanenepi. Mimi chuo niliachia njiani, lakini hii ni hesabu ya shule ya msingi.

Mahindi nayo yana hesabu yake. Gunia la kilo 90 likitoka shambani linabeba zaidi ya kilo moja ya naitrojeni. Ukivuna magunia 20 kwa ekari, kilo 25 hivi zimepanda lori kwenda sokoni. Ulirudisha ngapi? Gunia moja la DAP wakati wa kupanda na moja la CAN mahindi yalipofika magotini: 9 na 13, jumla 22, na sehemu ya hizo ilibebwa na mvua kabla mizizi haijazifikia. Kisha mabua ukamuuzia jirani mwenye ng'ombe, yakaenda na potasiamu yake. Hapo shamba linatoa tu, kama akaunti isiyowekwa pesa.

Lakini usidhani dawa ni kuongeza magunia. Naitrojeni ya DAP huingia ardhini ikiwa amonia. Bakteria wa udongo huigeuza kuwa naitreti, na kazi hiyo huacha asidi. Msimu mmoja hutaona kitu. Rudia hivyo miaka 20, bila samadi, bila kubadilisha zao, kwenye eneo la mvua nyingi, na udongo unakuwa mkali. Kipimo cha pH kikishuka chini ya 5.5, aluminiamu iliyokuwa imelala kwenye udongo huanza kuyeyuka na kudumaza mizizi, na fosforasi uliyonunua kwa bei ghali inafungiwa humo ndani. Udongo wetu wa majivu ya volkano, huu wa kutoka Mau Narok kuja chini, tayari una tabia ya kushika fosforasi kwa nguvu. Na kumbuka pH haihesabiwi kama kilo za sukari: udongo wa 5 una asidi mara kumi ya udongo wa 6.

Kwa hivyo unaweza kumwaga DAP mara mbili ya mwaka jana na mahindi yabaki yale yale, yenye majani ya zambarau. Udongo kama huo unahitaji chokaa ya kilimo kwanza.

Ila usikimbilie chokaa pia. Teremka kuelekea Elmenteita, ziwa la magadi, na unaweza kukuta udongo wa chumvichumvi wenye pH ya juu. Chokaa hapo ni kuongeza tatizo. Hata kwa viazi, ukizidisha chokaa unakaribisha ugonjwa wa magamba, na mnunuzi akiona kiazi chenye madoa anashusha bei papo hapo. Ekari mbili zilizo mwendo wa saa moja kutoka Nakuru zinaweza kuhitaji vitu tofauti kabisa, na kwa macho huwezi kujua.

Serikali ilishusha bei ya gunia la ruzuku kutoka karibu Sh6,500 hadi Sh3,500 mwaka 2022, kisha Sh2,500 mwaka 2023. Ahueni kubwa, hakuna anayebisha. Kisha mapema 2024 ikafichuka kwamba baadhi ya magunia yaliyouzwa kupitia maghala ya NCPB yalikuwa na mbolea isiyofikia viwango. Wakulima walikuwa washapanda nayo. Wakaahidiwa fidia, Bunge likajadili hoja ya kumng'oa Mithika Linturi, aliyekuwa Waziri wa Kilimo, na mwezi Mei kamati ya wabunge ikamwondolea lawama. Mwezi huo huo viongozi wa Afrika walikuwa KICC Nairobi kwenye kongamano la mbolea na afya ya udongo, wakiahidi kuongeza uzalishaji na usambazaji wa mbolea mara tatu katika miaka kumi. Wakulima waliopanda kwa mbolea hafifu walikuwa bado wanatazama mahindi ya manjano. Sawa, mbolea iongezwe. Lakini ipi, na kwenye udongo upi?

Jibu linapatikana kwa maabara. Chuo Kikuu cha Egerton kiko pale Njoro, na KALRO ina maabara ya udongo Kabete. Kuchukua sampuli ni kazi ya asubuhi moja, na mkulima wa simu anaweza kuisimamia kwa video. Tembea kwa zigizaga, chimba sehemu 15 hivi kwa kina cha sentimita 20, changanya kwenye ndoo safi ya plastiki, kisha toa nusu kilo. Ndoo isiwe ile iliyobeba mbolea. Ruka penye rundo la samadi, kando ya ua, na pale mabua yalipochomwa. Fanya hivyo baada ya mavuno, Desemba ama Januari, ili majibu yawe mkononi kabla ya mvua ya Machi. Chokaa nayo inataka muda udongoni kabla ya kupanda, na haichanganywi na DAP siku moja kwa sababu naitrojeni itapotea hewani.

Sasa kuna kikwazo ambacho maabara haitatatua. Chokaa hufanya kazi kwa misimu kadhaa, na wewe umekodi mwaka mmoja. Ukiiweka, huenda atakayevuna matunda yake ni mpangaji mwingine, ama mwenye shamba akikuongezea kodi kwa sababu shamba "limekuwa zuri". Ndiyo maana mashamba mengi ya kukodi yamechoka: kila mpangaji anamwaga DAP, anavuna, anahama. Kwa hivyo usiende kwa mzee na pesa za mwaka mmoja. Nenda na karatasi ya maabara, omba miaka mitatu, pendekeza gharama ya chokaa mgawane ama ipunguzwe kwenye kodi, na muandikiane mbele ya mashahidi. Akikataa kabisa na pH iko 4.8, hapo tafuta ekari nyingine.