Usisubiri kuandika wasifu wa mazishi: Mkutubi anavyoweza kukusaidia kuujua ukoo wako

Hali hii unaijua. Mazishi ni Jumamosi. Jumatano usiku kamati imejaa sebuleni na wewe, kwa kuwa ndiwe mwenye laptopu, umepewa kazi ya kuchapa wasifu wa marehemu. Unauliza, "Babu alizaliwa lini?" Kimya. Mmoja anasema 1938, mwingine anasema ni kabla ya hapo. Kitambulisho kinasema tarehe 1 Januari, na kila mtu anajua hiyo ilikuwa tarehe ya karani. "Na baba yake aliitwa nani?" Kimya tena. Aliyejua ndiye mnayemzika.

Basi unaandika "miaka ya thelathini", mnapiga kopi mia tatu, maisha yanaendelea.

Si lazima iwe hivyo. Na mtu wa kukusaidia wala si mganga wala wakili. Ni mkutubi, yule uliyemwona mara ya mwisho ulipokuwa ukijiandaa kwa KCSE.

Anza nyumbani

Mkutubi hana faili lenye jina la ukoo wako kabatini. Kazi yake ni kuyageuza maneno ya wazee yawe maswali ambayo karatasi zinaweza kujibu. Kwa hivyo usiende mikono mitupu. Kaa kwanza na nyanya yako, awe unamwita shosho, susu, dani, kogo au kukhu. Mwombe ruhusa, washa rekoda ya simu, kisha unyamaze.

Usimuulize alizaliwa mwaka gani. Muulize wakati huo kulikuwa na nini. Kusajili kuzaliwa kwa Waafrika kulienea kote nchini kufikia 1971 tu, kwa hivyo cheti unachokitafuta huenda hakijawahi kuandikwa. Lakini njaa zilikuwa na majina. Marika ya tohara yalikuwa na majina. Hata majina ya watu ni kumbukumbu: Otieno alizaliwa usiku, Wanjala alizaliwa wakati wa njaa. Na kwa Wakikuyu, kifungua mimba wa kiume humrithi jina babu mzaa baba. Ukikutana na Kamau wa Njoroge hapa na Njoroge wa Kamau pale, tulia. Huenda ni babu na baba, au baba na mwana, na ni miaka tu itakayokuonyesha nani ni nani.

Susu anasema, mkutubi anasikia

Tuseme kwa kina mama yako ni Makueni, na susu anakwambia mambo matatu. Mjomba wako mkubwa alizaliwa ule mwaka ndege zilidondosha chakula. Babu alikuwa "reli", wakiishi Muthurwa. Na alibatizwa kabla ya kumwoa.

Kwako hizo ni hadithi za jioni. Kwa mkutubi, hizo ni anwani tatu.

Njaa ya ndege ilikuwa 1961, kabla ya mafuriko makubwa ya mwishoni mwa mwaka huohuo. Hapo umeshapata mwaka wa mjomba. "Reli" ni mwajiri, na waajiri wakubwa huacha karatasi. Hapo Nairobi, nyuma ya stesheni, kuna Makumbusho ya Reli yaliyofunguliwa 1971, yenye picha na nyaraka za enzi hizo. Ubatizo nao una daftari. Madaftari mengi ya aina hiyo bado yako makanisani, na mara nyingi yana jina la baba na kijiji alikotoka mbatizwa. Kama familia yenu ni Waislamu, mahakama ya kadhi ndiyo ya kuuliza kuhusu rekodi za ndoa.

Halafu mkutubi atakuuliza swali ambalo hukulitarajia: wakati huo Makueni ilikuwa wilaya gani? Makueni ilijitenga na Machakos mwaka 1992. Ukitafuta faili la wilaya ya Makueni la 1955 utarudi nyumbani ukisema ati hakuna kitu, kumbe liko chini ya Machakos. Vivyo hivyo na tahajia. Karani wa kikoloni aliandika alivyosikia, kwa hivyo Kioko anaweza kuwa Kyoko na Nzioka akawa Nzyoka. Andika aina zote za jina kabla hujaanza kutafuta. Hicho kidokezo kimoja kinaweza kukuokolea wiki nzima.

Pa kutafuta

Kuna vitu vinne ambavyo vijana wengi hatujui vinaweza kusaidia.

Kwanza, magazeti ya zamani. Tangazo la kifo kwenye gazeti la Kenya ni mti wa ukoo uliolipiwa: mwana wa nani, ndugu wa nani, mume wa nani, babu wa nani, atazikwa kijiji gani. Ukijua mwezi na mwaka aliofariki ndugu wa babu, mwombe mkutubi magazeti ya wiki hizo. Na vile vijitabu vya mazishi vilivyojaa chini ya kabati la mama? Usivitupe. Hizo ni nyaraka.

Pili, Gazeti Rasmi la Serikali, ambalo limekuwa likitolewa tangu 1899. Humo huchapishwa matangazo ya mirathi, hatimiliki zilizopotea na watu walioteuliwa kwenye nyadhifa za umma. Matoleo mengi sasa yako mtandaoni bure, na unaweza kuyasaka kwa jina ukiwa ndani ya matatu.

Tatu, ushahidi uliotolewa mbele ya Tume ya Ardhi ya Carter iliyoundwa 1932. Wazee wa jamii mbalimbali walieleza mashamba yalikuwa ya nani na yalichukuliwaje, na maneno yao yakachapishwa katika majuzuu matatu. Ikiwa ukoo wenu uliwahi kufukuzwa kwenye ardhi, ulizia majuzuu hayo.

Nne, Hifadhi ya Nyaraka za Kitaifa. Ndiyo, ile Archives ya "tukutane Archives". Umesimama pale nje mara ngapi ukimsubiri rafiki aliyechelewa huku umeishika simu kwa mikono miwili? Safari hii ingia. Chini kuna mkusanyiko wa sanaa wa Joseph Murumbi, aliyekuwa makamu wa rais mwaka 1966. Ukipita hapo uulize kuhusu chumba cha watafiti, ambako faili za wilaya za enzi za ukoloni husomwa. Waeleze wahudumu unatafuta nini, wapi na miaka gani. Ukisema tu "nataka historia ya familia yangu", utawapa kazi isiyo na mwanzo.

Hatua chache kutoka mtaa wa Muindi Mbingu kuna maktaba ya McMillan, iliyofunguliwa 1931. Muindi Mbingu mwenyewe aliongoza Wakamba hadi Nairobi mwaka 1938 kupinga kupokonywa ng'ombe. Wakati huo, Mwafrika hakuruhusiwa kusoma katika maktaba hiyo. Mlango ulikuja kufunguliwa 1958. Kabla ya kwenda uliza kama iko wazi siku hiyo, lakini ujue tu kwamba unatembea mahali ambapo babu yako angefukuzwa.

Kwani kuna haja gani?

Utasema haya ni mambo ya watu wenye muda. Subiri shamba la babu ligawanywe. Mtu atatokea aseme yeye pia ni mjukuu, au aseme wewe siye, na familia isiyo na karatasi hubaki kupiga kelele. Wengine hudaiwa ushahidi wa ukoo wapate hata kitambulisho. Mwaka 2016 Wamakonde wa Kwale walitembea kwa miguu kuelekea Nairobi kudai uraia wa nchi ambayo wengi wao walizaliwa ndani yake. Kwao, swali la "babu yako alikuja lini na kwa kazi gani" halikuwa la kupitisha jioni.

Lakini jiandae. Unaweza kukuta mtoto ambaye hakuna aliyewahi kumtaja, au ndoa ambayo ilifichwa. Mkutubi mzuri hatauliza zaidi ya anachohitaji wala hatakutangaza. Nawe usikimbilie kuposti. Waliomo kwenye hiyo hadithi bado wanakula meza moja nanyi wakati wa Krismasi.

Asichokuwa nacho mkutubi

Kuna jambo moja ambalo mkutubi mwaminifu atakwambia mapema. Karatasi za mkoloni hazikuandikwa kwa ajili yako. Ziliandikwa ili kodi ilipwe na vibarua wapatikane. Kipande alivishwa mwanamume. Nyanya hakupewa, na akitajwa kabisa ni "mke wa fulani". Unaweza kumaliza mwezi mzima kwenye faili ukajua babu alilipwa shilingi ngapi na usipate jina la mama yake.

Jina hilo liko kichwani mwa mtu mmoja au wawili. Na hao hawana nakala.

Kwa hivyo fanya hivi wiki hii. Leo jioni piga simu nyumbani. Muulize nyanya mama yake aliitwa nani, na mama wa mama yake. Andika, weka tarehe, andika na nani amekwambia. Jumamosi upeleke hiyo karatasi moja maktabani, useme, "Naomba msaada, nimeanzia hapa." Mkutubi atakuuliza maswali usiyokuwa na majibu yake.

Utarudi tena kwa nyanya. Atafurahi kukuona.