Mchezo wa Kompyuta Unapokataa Kufunguka: Namna ya Kutafuta Chanzo

Utangulizi

Katika mazoezi ya kufundisha yaliyopita nilikaa nyuma ya darasa moja la tatu, daftari la usimamizi mapajani, nikimtazama mwanachuo wetu akianza kipindi cha Hisabati. Andalio lake la somo lilikuwa safi. Alikuwa na kompyuta 12, wanafunzi 36 waliokaa watatu watatu, na mchezo wa kujumlisha ulio ndani ya programu iitwayo GCompris. Mashine tisa zilifungua mchezo, tatu zilikataa. Mwanachuo akaiendea ya kwanza, akabofya, akabofya tena, akaizima kwa kuchomoa waya, akaiwasha. Kisha akaiendea ya pili akafanya vivyo hivyo. Zaidi ya nusu ya kipindi ikapita. Watoto wa mashine tisa wakakosa mwalimu, na watoto wa mashine tatu wakakosa somo.

Lakini jambo lililonikaa moyoni ni mtoto mmoja wa kike aliyekuwa ameshika kipanya mchezo ulipokataa. Aliuliza kwa sauti ndogo, "Mwalimu, nimeiharibu?" Mwalimu hakumsikia. Mtoto akaikalia mikono yake miwili, na hata alipohamishiwa kwenye mashine nzima hakutaka tena kugusa kitu.

Makala haya yanakusudia kumsaidia mwanachuo asifikwe na jambo kama hilo. Hayamtaki awe fundi wa kompyuta. Yanamtaka atumie akili ile ile anayoitumia anapotafuta kwa nini mtoto amekosea hesabu ya kukopa: hachani daftari, bali hutazama ni hatua ipi iliyokosewa.

Mchezo hufungukaje?

Ili tujue kilichoharibika, hatuna budi kwanza kujua kinachotendeka mambo yanapokwenda sawa. Tunapobofya alama ya mchezo, kompyuta hupitia hatua kadhaa kwa mfuatano:

(a) Mfumo endeshi, kwa mfano Windows, hulitafuta faili la mchezo katika diski na kuhakikisha kwamba anayelifungua ana ruhusa.
(b) Faili hilo hupakiwa katika kumbukumbu ya kompyuta.
(c) Mchezo huita mafaili mengine ya msaada ambayo haukuja nayo wenyewe, bali huyategemea kuwa yamo ndani ya kompyuta.
(d) Mchezo huomba kadi ya picha iuchoree sura kwenye kioo. Ombi hilo hupitia kwa programu ndogo iitwayo kiendeshi, ambayo ni mkalimani baina ya mfumo endeshi na kadi.
(e) Mchezo husoma kumbukumbu zake za zamani, kama vile lugha iliyochaguliwa na hatua aliyofikia mchezaji.

Mnyororo huu ukikatika mahali popote, mtazamaji huona jambo moja tu: mchezo haukufunguka. Hata hivyo kila mahali pana dalili yake, na mwalimu mwenye subira huweza kuzitambua.

Kanuni nne za uchunguzi

Kwanza, badili jambo moja tu kwa wakati mmoja, kisha jaribu. Ukibadili matatu kwa pamoja na mchezo ukafunguka, hutajua ni lipi lililoponya, na kesho utarudi pale pale.

Pili, anza na lililo jepesi na linaloweza kurudishwa. Kuwasha mashine upya hakumdhuru mtu. Kufuta programu huweza kudhuru.

Tatu, linganisha mashine mbovu na nzima. Mashine tisa zilizofunguka katika darasa lile zilikuwa mashahidi tisa, lakini hapana aliyewahoji.

Nne, andika. Ujumbe unapotokea kwenye kioo, unakili herufi kwa herufi kabla ya kuufunga. Mwanachuo asemaye "iliandika kitu fulani cha Kiingereza" amekwisha poteza nusu ya ushahidi.

Dalili na vyanzo vyake

1. Hakuna kinachotokea kabisa. Subiri dakika nzima kabla ya kubofya tena, kwa maana mashine ya zamani huchelewa, na kila ubofyaji unaweza kuzaa nakala nyingine ya mchezo ule ule. Kisha bonyeza pamoja vitufe vya Ctrl, Shift na Esc. Itafunguka orodha ya kazi zinazoendelea ndani ya Windows. Ukiuona mchezo humo ilhali kwenye kioo haupo, basi nakala yake imekwama. Ifunge humo orodhani, ujaribu tena. Ikiwa haumo, huenda alama unayoibofya inaelekeza kwenye faili lililohamishwa, au programu ya kinga dhidi ya virusi imelishuku faili hilo na kuliweka kizuizini. Tazama orodha ya vilivyozuiliwa, lakini usikitoe kitu kizuizini mpaka uwe na hakika kwamba mchezo ulitoka kwa watengenezaji wenyewe.

Iwapo utawasha mashine upya, tumia amri ya kuwasha upya, wala si kuzima na kuwasha. Tangu Windows 8 iliyotoka mwaka 2012, mashine nyingi zikizimwa kwa kawaida huhifadhi sehemu ya hali yake ili ziwake haraka, na tatizo huweza kuhifadhiwa pamoja nayo. Amri ya kuwasha upya ndiyo huanza yote tangu mwanzo.

2. Unatokea ujumbe kwamba faili fulani halipo. Hii ndiyo hatua (c). Majina yanayotajwa mara nyingi ni VCRUNTIME140.dll na MSVCP140.dll, ambayo ni sehemu ya kifurushi cha Microsoft Visual C++, na d3dx9_43.dll, ambalo ni la DirectX ya zamani. Wengi hukimbilia kulipakua faili hilo moja kutoka tovuti isiyojulikana. Hilo ni kosa: faili huweza kuwa na virusi, tena huenda lisilingane na mengine. Sakinisha kifurushi kizima kutoka kwa Microsoft wenyewe. Jihadhari pia na jambo hili: mchezo wa biti 32 huhitaji kifurushi cha biti 32, hata kama Windows yenyewe ni ya biti 64.

3. Unatokea ujumbe kwamba programu haiwezi kutumika katika kompyuta hii. Aghalabu mchezo wa biti 64 umewekwa katika Windows ya biti 32. Kinyume chake huwezekana, kwani Windows ya biti 64 hufungua michezo ya biti 32. Lakini ile ya kale kabisa ya biti 16 haifunguki katika Windows ya biti 64 kwa namna ya kawaida. Kwa michezo ya enzi ya DOS ipo programu ya bure iitwayo DOSBox, iliyotolewa mara ya kwanza mwaka 2002, inayoigiza kompyuta ya zamani ndani ya kompyuta mpya.

4. Kioo kinakuwa cheusi kwa nukta chache, kisha mchezo unajifunga. Hapa shuku hatua (d). Kompyuta zilizosakinishwa Windows upya mara nyingi hubaki na kiendeshi cha jumla, ambacho huonyesha maandishi na picha vizuri, lakini hakiwezi kazi ngumu za uchoraji ambazo michezo huzidai. Dawa ni kusakinisha kiendeshi cha kadi ile hasa kutoka kwa mtengenezaji wake. Kadi ikiwa kuukuu mno, hapana kiendeshi kitakachoisaidia. Kwa bahati njema, GCompris inaweza kuchora kwa njia mbili: kwa kuitumia kadi ya picha, au kwa kuiachia kompyuta yenyewe kazi yote. Njia ya pili ni ya polepole, lakini huziokoa mashine dhaifu.

5. Mchezo ulifunguka jana, na leo haufunguki, hasa baada ya umeme kukatika. Faili la kumbukumbu za mchezo huenda liliharibika likiwa linaandikwa. Ingia katika kompyuta kwa jina la mtumiaji mwingine, ujaribu. Ukifunguka huko, mchezo wenyewe ni mzima na kilichoharibika ni kumbukumbu za mtumiaji wa kwanza. Tazama pia kama diski imejaa.

6. Mchezo unaotegemea intaneti unakataa, na saa ya kompyuta inaonyesha mwaka uliopita zamani. Betri ndogo ya mviringo iliyo ndani ya mashine, kwa kawaida CR2032 ya volti 3, imekwisha. Kompyuta yenye tarehe ya uongo huviona vyeti vya usalama vya tovuti kuwa si halali, ikakataa kuungana nazo. Rekebisha tarehe kwanza ili somo liendelee. Betri itabadilishwa baadaye.

Michezo ambayo muda wake umekwisha

Si kila mchezo wa kupiganiwa. Michezo mingi ya kufundishia ya miaka ya 2000 iliandikwa kwa Flash. Kampuni ya Adobe iliacha kuihudumia Flash tarehe 31 Desemba 2020, na kuanzia tarehe 12 Januari 2021 kichezeshi chake kikaanza kuzuia michezo hiyo isichezwe. Kadhalika, michezo kadhaa ya kwenye diski za CD ililindwa dhidi ya kunakiliwa kwa njia iitwayo SafeDisc. Windows 10 iliyotoka mwaka 2015 haiikubali njia hiyo. Diski yaweza kuwa safi kama kioo na mchezo bado usifunguke. Mwanachuo anayelijua hili hatapoteza jioni nzima akiifuta diski kwa kitambaa. Atatafuta mchezo mwingine unaofundisha jambo lile lile.

Jambo la kuepuka

Katika shule moja, msaidizi mwenye nia njema aliona mchezo haufunguki, akaamua kusakinisha Windows upya, akaisafisha diski yote. Mchezo ulifunguka. Lakini alama za muhula mzima za madarasa mawili zilikuwa ndani ya diski ile, wala hapakuwa na nakala. Walimu walirudia kukusanya madaftari ya watoto ili wapate chochote cha kujaza katika ripoti. Tatizo dogo lilitibiwa kwa dawa iliyomuua mgonjwa. Kabla ya kufuta kitu chochote, uliza: ni nani mwingine anayeitumia mashine hii, na amehifadhi nini humo?

Mwalimu mbele ya darasa

Mwalimu wa Sayansi hulifanya jaribio peke yake kabla ya kulionyesha darasani. Mwalimu anayetumia kompyuta yampasa kufanya hivyo hivyo: siku moja kabla ya kipindi afungue mchezo katika kila mashine, si katika moja tu, mpaka auone ukichezeka.

Hata hivyo, kipindini lolote huweza kutokea. Jiwekee kikomo cha dakika tano. Zikipita, hamisha somo, usihamishe hasira. Katika andalio lako pawe na zoezi la akiba linalofundisha jambo lile lile bila umeme. Kwa somo lile la kujumlisha, vizibo vya soda na kadi za namba zingetosha: mtoto mmoja anatoa kadi mbili, wa pili anahesabu vizibo, wa tatu anasahihisha, kisha wanapokezana. Uchunguzi wa mashine ufanywe baada ya kengele.

Tena, sema na watoto. Tamka waziwazi: "Hakuna aliyeiharibu. Mashine imeshindwa hatua moja, nasi tutaitafuta." Kwa madarasa ya juu, waalike wakisie: mashine hii ina tofauti gani na ile? Tujaribu lipi kwanza, na kwa nini? Hapo hitilafu yenyewe inakuwa somo la kufikiri.

Mwisho, weka daftari la kompyuta lenye safu tano: tarehe, namba ya mashine, dalili, lililojaribiwa, matokeo. Mwalimu atakayekuja baada yako atalishukuru.

Hitimisho

Baada ya kipindi kile mwanachuo na mimi tulibaki chumbani. Nilimwomba asiguse kitu, bali aniambie tofauti za zile mashine tatu. Alitazama kitambo, akagundua kwamba hazikuwa na dalili moja. Mbili zilionyesha weusi kisha mchezo ukajifunga. Nazo zilikuwa za aina tofauti na nyingine, tena zenye kiendeshi cha jumla. Tulizibadili zichore bila kadi ya picha, zikafungua mchezo. Ya tatu haikuonyesha kitu: orodhani mlikuwa na nakala nne za mchezo zilizokwama, matunda ya kubofya kwa haraka. Tulizifunga, na mchezo ukaja. Kazi yote ilichukua kama robo saa.

Programu ya GCompris ilianzishwa mwaka 2000 na Mfaransa Bruno Coudoin, na jina lake hutamkwa karibu sawa na maneno ya Kifaransa yenye maana ya "nimeelewa". Kesho yake mwanachuo alimwita yule mtoto kabla ya kipindi, akamweleza kwamba mashine ilikuwa na kasoro tangu mwanzo, akampa kipanya auanzishe mchezo mwenyewe. Mtoto alisita, akabofya mara mbili, akaiondoa mikono haraka. Mchezo ulipotokea aliirudisha.

Mazoezi

1. Mchezo unafunguka kwa jina la mwalimu, lakini haufunguki kwa jina la wanafunzi katika mashine ile ile. Taja vyanzo viwili vinavyowezekana, na ueleze utakavyovitofautisha.
2. Kwa nini si busara kubadili kiendeshi na kuusakinisha mchezo upya kwa wakati mmoja?
3. Andaa zoezi la akiba, lisilohitaji umeme, kwa somo lolote la darasa la pili ulilokusudia kulifundisha kwa mchezo wa kompyuta.